Njia Iliyopita Sebuleni

"Basi rudisha zile alama pale ulipozitoa," Fundi alisema. Alikuwa amelisema hilo tangu chai ya asubuhi, mara kwa upole, mara kwa kugonga meza, na sasa jua lilikuwa limepanda. Mumewe hakujibu, kwa kuwa kundi la wapanda mlima lilikuwa linapita katikati yao, mmoja nyuma ya mwingine, wakiomba radhi. Walikatiza kati ya kochi na kabati la vyombo, wakainama kwenye mlango wa jikoni, wakaendelea kupanda. Wa mwisho alikanyaga shati la shule lililokuwa limeteleza kutoka kwenye meza ya cherehani. Lilikuwa jeupe. Liliachwa na chapa ya buti mgongoni.

"Umeona?"

"Nimeona," mumewe akasema. "Utalifua."

"Kwa maji gani?"

Mume aliliokota shati akalikung'uta; safari hii hapakuwa na mtu wa kumkinga.

Watu walimwita Chokaa, kwa sababu kazi yake ilikuwa kupaka mawe chokaa ili wageni wanaopanda kilima wasipotee. Njia ile ilikuwa ya zamani kuliko kijiji. Ilitoka sokoni, ikafuata ukingo wa korongo, ikafika chemchemi ambako kila mtu alikunywa na kupumzisha miguu, kisha ikapanda hadi kileleni penye upepo. Baadaye kaka yake Chokaa, anayeitwa Mwenye Hoteli, alijenga nyumba ya wageni kwenye bega la kilima, na ndani yake akaweka vyoo vya kuvuta maji. Kuchimba shimo kwenye mwamba ni kazi, na korongo lilikuwa limekwisha kuchimbwa na Mungu. Kwa hiyo bomba la vyoo lilielekezwa huko, juu kidogo ya chemchemi. Wageni walipopita waliziba pua, wakaona yaliyokuwa yanaelea, wakasema hawatarudi. Mwenye Hoteli akatafakari kati ya kuhamisha bomba na kuhamisha njia. Alimwita mdogo wake.

Chokaa alisugua alama za zamani hadi mawe yakawa mawe tu, akapaka nyingine upande wa pili, kwenye mteremko usio na harufu. Kesho yake asubuhi njia haikuwa kule ilikopakwa chokaa. Ilikuwa sebuleni kwao, imeingilia mlango wa mbele na kutokea jikoni, ikiwa na kokoto zake, mizizi yake na kinyesi cha mbuzi. Majirani walikuja kutazama. Walisema njia ikifukuzwa huenda kulala kwa aliyeifukuza, na wakashauri mkeka uondolewe usije ukaoza.

Nyumba ilizoea. Kutoka mlangoni hadi jikoni kulikuwa na mlima, hata mpira wa mtoto ukiachwa jikoni ulijipeleka wenyewe hadi mlango wa mbele. Asubuhi ukungu ulishuka chumbani, na shuka zikalowa. Nyasi ngumu za kileleni ziliota chini ya kochi, Fundi akazikata kwa mkasi wake wa nguo, mkasi ukawa butu. Siku moja mgeni alijisaidia nyuma ya kabati, akaeleza kwa adabu kwamba alidhani ni kichaka. Yote hayo Fundi aliyafagia, akayadeki, akayasema, akayamaliza.

Lililomshinda ni maharage. Jikoni palikuwa pamepanda pamoja na njia, pakawa juu kama kilele, na huko juu maji hutokota kabla hayajapata moto wa maana. Maharage yalikaa motoni kutwa nzima, yakatoka yanagonga meno. Fundi aliposimama siku moja na kutumbukiza kidole kwenye sufuria inayotokota, akakitoa bila kuungua vya kutosha, alielewa kwa nini binti yao haponi: moto huo hauui vijidudu vya maji.

Binti alikuwa na umri wa kuanza kusema vizuri, ila siku hizi hakusema. Aliharisha. Muuguzi alitoa dawa, na dawa ilifanya kazi. Kisha mtoto alikunywa maji yaliyochemshwa na mama yake, maji ya chemchemi, akaharisha upya. Nepi zilijaa ndoo, na ya kuzifulia ni maji yaleyale. Macho ya mtoto yalikuwa yameingia ndani. Alipobanwa ngozi ya tumbo, ilichelewa kurudi.

Ndiyo maana Fundi alitaka alama zirudishwe. Alimweleza mumewe mpango mzima: njia ikirudi korongoni, wageni watapita pale, wataona, watalalamika, na kaka mtu ataona aibu achimbe shimo. Chokaa alisema kaka yake ndiye aliyemlea yeye baada ya baba yao kufa. Fundi akasema hilo analijua, na kwamba huyo aliyelelewa sasa ni baba pia.

Mchana Mwenye Hoteli alifika mwenyewe. Alishuka kwa njia kutoka juu, akapiga hodi kwenye mlango wa jikoni, akaketi kwenye kochi na kuvuta miguu ili wapandaji wapite. Alikuwa na harufu ya sabuni nzuri. Alisifu jinsi sebule inavyopata wageni, akapendekeza benchi liwekwe pale ilipo cherehani, maana watu wakifika hapo huwa wameishiwa pumzi. Kila jambo na heri yake, alisema.

Fundi alikwenda jikoni akarudi na bilauri kwenye sahani, kama mgeni anavyostahili.

"Karibu maji, shemeji."

"Nimeshakunywa, ahsante."

"Umeshuka mlima. Kunywa."

Mwenye Hoteli aliitazama bilauri. Maji yalikuwa na rangi ya chai iliyomwagiwa maji mara ya pili, na kitu chembamba kilikuwa kinazunguka chini taratibu. Alisema daktari amemkataza maji ya baridi.

"Si ya baridi. Yamechemshwa. Haya ndiyo anayokunywa mwanao," Fundi alisema, kwa kuwa mtoto wa ndugu ni mtoto. "Kunywa, nijue mimi ni mwongo."

Mtoto alikuwa amelala kwenye kanga pembeni mwa njia, na mgeni mmoja alimruka kwa uangalifu. Mwenye Hoteli alimgeukia mdogo wake, si kwa hasira, ila kama mtu anavyotafuta kijakazi wa kuja kuondoa vyombo.

Chokaa aliinuka. Alichukua bilauri kutoka kwenye sahani ya mkewe, akanywa yote, polepole, koo likipanda na kushuka, hadi kile kitu chembamba nacho kikaenda. Akafuta mdomo kwa mkono.

"Ni maji mazuri tu," akasema.

"Umesikia, shemeji," akasema Mwenye Hoteli, akainuka kupima kwa hatua mahali pa benchi.

Fundi aliirudisha sahani kabatini. Hakuipiga chini, ilikuwa sahani nzima. Alimfunga mtoto mgongoni kwa ile kanga, akamwambia amshike shingo. Alikifungua kichwa cha cherehani kutoka mezani, akajiwekea kata ya kitambaa kichwani, akajitwika. Mumewe alimuuliza anakwenda wapi. Alijibu kwamba anakwenda kwa dada yake, ng'ambo ya kilima, ambako maji yanatoka kwingine, na kwamba benchi sasa limepata nafasi. Alitokea jikoni. Wapandaji walimpisha.

Juu ya nyumba aliiacha njia mpya akashika nafasi iliyoachwa na ile ya zamani. Nyasi zilikuwa zimeifunika, zikamfungukia alipokanyaga na kujifunga alipopita. Harufu ilimpokea kabla ya korongo. Bomba lilikuwa linatiririka kama kawaida, likikohoa kila mgeni wa hoteli alipovuta maji. Chini yake, chemchemini, jirani zake wawili walikuwa wanachota.

Aliwaambia kinachotoka bombani. Walisema wanajua, ndiyo maana wanachuja kwa kitambaa.

Mmoja alikuwa amemaliza kujaza. Aliinama akashika ndoo upande mmoja, akasubiri, kama watu wanavyosubiriana kisimani tangu dunia iumbwe.

"Nitwike, mwenzangu."

Fundi alimtazama mwanamke, akaitazama ndoo. Mtoto alipumua kwenye shingo yake, pumzi kavu.

"Hayo sikutwiki," alisema, akaiweka sawa cherehani kichwani, akapanda.

Nyuma yake yule mwingine aliitua ndoo yake na kumtwika mwenziwe.