Githae Mpya

Wakonyo alikuwa anashona ukosi wa fulana ya njano pale umeme wa mashine ulipozimwa. Laini nzima ilinyamaza. Marvin, kijana wa ofisi ya wafanyakazi, alipita katikati ya cherehani akipiga makofi.

"Haya wamama, basi zimefika! Tunaenda Kiganjo kwa mkutano wa bosi, tukirudi mtamalizia target. Na wewe Mama Mwas," alimgeukia Wakonyo, "usikae mbali na jukwaa. Kuna kitu bosi anataka kusema juu ya mzee wako."

Wakonyo alishika ukingo wa meza. Mumewe, Githae, alipiga pasi katika kiwanda hiki hiki cha Ruiru kwa miaka tisa, mpaka siku bomba la boila lilipopasuka likamchoma. Alikufa kabla ya kufika hospitali. Kiwanda kikawaambia maafisa wa kazi kwamba marehemu hakuwa mtu wao, alikuwa mpita njia tu aliyeingia kutafuta kibarua. Mpita njia gani huyo wa kufa amevaa aproni ya kiwanda? Tangu hapo Wakonyo alitaka jambo moja: wakiri kwamba Githae alikuwa mfanyakazi wao.

"Labda leo atakubali," alimwambia Apiyo, rafiki yake wa mashine ya jirani.

"Si anatafuta kura? Atakubali tu."

Bosi wao, Ranjith, alikuja kutoka Sri Lanka na cherehani chache, akajenga kiwanda, akapata uraia, na sasa alitaka ubunge. Hapo hakuna ubaya. Mtu akila ugali wetu miaka ishirini na kulipa kodi zetu, aombe na kura zetu, kwa nini asiombe?

Ndani ya basi Marvin alifungua makatoni. Fulana walizoshona wiki nzima zilikuwa zimerudi kutoka kwa wachapishaji. Wakonyo alikunjua yake. Kifuani kulikuwa na uso wa Ranjith akicheka, na chini yake herufi kubwa nyeusi: GITHAE.

"Ngai! Apiyo, hebu nisomee. Macho yangu yananidanganya."

"Githae," Apiyo alisoma. "Mama Mwas, ni Githae kweli."

Maelezo waliyapata uwanjani. Wazee walimvika Ranjith kofia ya ngozi, wakampa usinga, na mkubwa wao, Mzee Zacharia, akatangaza kwamba mgeni sasa ni mtoto wa nyumbani na amepewa jina. Jina halitolewi hewani, lazima litoke kwa mtu. Marvin alikuwa amewatafutia Githae, ambaye ukoo wake umejaa kutoka Kiganjo hadi Makongeni. Hizo zote ni kura.

"Githae alikuwa ndugu yangu!" Ranjith alipaza sauti. "Alifia mikononi mwangu. Kutoka leo, Githae ni mimi!"

Watu walishangilia. Wakonyo alijua ni uongo. Githae alifia nyuma ya pikapu, kichwa kikiwa kwenye mapaja ya bawabu. Bosi huyu hakuonekana hata mazishini. Na sasa anavaa jina la marehemu mbele ya mjane wake, mchana kweupe, watu wakipiga vigelegele!

Marvin alimsukuma Wakonyo jukwaani. "Msalimie tu, uombe, ushuke."

Kwa Wakikuyu, mtoto akipewa jina la babu yake, nyanya yake humwita 'mume wangu', na hakuna anayeshangaa. Wakonyo alipokea kipaza sauti. Alimgeukia Ranjith.

"Mume wangu, karibu nyumbani."

Uwanja mzima uliangua kicheko. Ranjith naye alicheka, akainua usinga.

"Umepotea miaka miwili," Wakonyo aliendelea. "Ulichomwa na boila huko Ruiru, ofisi ikasema wewe ni mpita njia. Sasa si umerudi? Ambia hawa watu nani alikuwa amekuandika kazi."

Kicheko kilikatika. Mzee Zacharia aliinamisha kichwa. Ranjith alimtazama Marvin, Marvin akamtazama kijana wa muziki, na muziki ukafunguliwa mpaka mwisho.

Jioni basi liliwarudisha Ruiru kumalizia kazi. Langoni, Odongo, yule bawabu aliyempakata marehemu kwenye pikapu, aliwapitisha wanawake mmoja mmoja. Alikuwa amevalishwa fulana ya njano juu ya sare yake. Wakonyo alipofika, Odongo alinyoosha mkono kumzuia.

"Mama Mwas, wewe nimeambiwa usiingie."

"Umeambiwa na nani? Ranjith?"

Odongo alitazama chini. "Tumekatazwa kumwita hivyo. Wamepiga simu saa hii tu."

"Basi nani amesema nisiingie?"

Apiyo alikuwa ameshapita ndani. Alisimama, akageuka kusikiliza.

"Ni Githae," Odongo alisema polepole. "Githae amesema hataki kukuona hapa tena."