Chumba Kilichohamia kwa Karani

Jumamosi asubuhi karani wa mahakama ya kadhi alitoka uani na mswaki mdomoni, akakuta nyumba yake imeongezeka chumba. Kilikuwa kimejibanza upande wa jikoni, pale mkewe alipozoea kuanika nguo: rangi ya buluu iliyopauka, dirisha moja la nondo, mlango wa mbao. Kamba ya nguo ilikuwa imesogezwa pembeni kwa uangalifu, na hakuna shati lililoanguka. Karani alisukutua, akatema, akakizunguka chumba kwa hatua. Nne kwa tatu. Hakuwa na haja ya kuuliza ni cha nani. Vipimo hivyo alivinakili kwa mkono wake siku ya Alhamisi, kutoka kwenye hati ya nyumba iliyokuwa ndani ya faili la mirathi.

Mkewe alitoka na beseni la nguo.

"Kimekuja na sakafu yake?" aliuliza.

"Kimekuja nayo."

"Afadhali. Vumbi lingeniua."

Faili lenyewe lilikuwa jepesi kuliko mengi. Baba alikuwa amefariki, mama alimtangulia, wakabaki watoto watatu: wanaume wawili na binti mmoja. Mafungu yalikuwa matano, kila kijana mawili, binti moja. Vyumba vya nyumba navyo vilikuwa vitano. Katika miaka kumi na tisa ya kazi, karani hakuwahi kuona mirathi iliyojipanga vizuri namna ile, kana kwamba marehemu alijenga huku akipiga hesabu.

Alhamisi hiyo walikuja ndugu wawili, binti hakuja. Kaka mkubwa, muuza mabati ambaye mji mzima ulimwita Bwana Bati, alisema dada yao amesamehe fungu lake.

"Unawajua dada zetu, karani. Wana haya. Kudai urithi kwa kaka zake anaona ni kama kutushtaki."

Utaratibu ulitaka anayesamehe afike mwenyewe, ahojiwe faragha, ndugu zake wakiwa nje. Karani alimpigia simu binti mara moja tu. Iliita mpaka ikakatika. Ilikuwa siku ya mwisho ya robo mwaka, na makao makuu ya idara yalikuwa yameleta jedwali la mahakama zote na idadi ya mafaili yaliyofungwa. Mahakama yao ilikuwa ya pili kutoka mkiani. Basi karani akaandika, kwa mwandiko wake mzuri: *Mrithi wa tatu alifika, akahojiwa faragha, akasamehe kwa hiari yake.* Bwana Bati alibonyeza dole gumba la kulia mahali pake, kisha la kushoto mahali pa dada yake. Karani alimpa kitambaa afute wino.

Kadhi, kabla ya kutia saini chini ya nembo ya taifa, aliuliza, "Binti alifika mwenyewe?"

"Alifika, mheshimiwa," karani alijibu.

Jumatatu ndugu wawili walirudi wakiwa wamenuna. Walisema wameamka na vyumba vinne, na pengo lililobaki jirani anapitisha mbuzi.

"Hati inasema vitano," kadhi alisema.

"Hati ndiyo, mheshimiwa. Nyumba ndiyo inasema vinne. Cha tano kipo kwa karani wako."

Kadhi alivua miwani, akamtazama karani. Karani alikiri kuwa chumba kipo, kimeegemea jiko lake, na hakijamletea usumbufu. Kadhi alifikiri kidogo, akasema mahakama yake inagawa mali, haifuatilii mali inakokwenda kwa miguu yake. Hilo ni la baraza la ardhi. Baraza la ardhi liliwaambia chumba kilichohama hakina namba ya kiwanja, waende kwa wapima. Wapima waliwaambia asili yake ni mirathi, warudi kwa kadhi. Wiki mbili baadaye walirudi, wakasikilizwa kwa heshima, wakatumwa tena baraza la ardhi.

Siku hiyo, watu walipoondoka, kadhi alibaki akipanga karatasi ambazo tayari zilikuwa zimepangika.

"Haya mafungu, ndugu yangu, si sisi tulioyapanga," alisema taratibu. "Mungu alishagawa. Kazi tuliyoachiwa ni kuandika tu, na hiyo nayo wakati mwingine inatushinda." Halafu akauliza kama mtu anayeuliza habari za nyumbani: "Yule binti alikuja kweli?"

Karani alihisi ulimi umemlalia mdomoni kama kitu cha kuazima. Aliwaza ada za shule, aliwaza barua ya kusimamishwa kazi na mwandishi wake, ambaye angekuwa yeye mwenyewe, maana barua zote za mahakama aliandika yeye.

"Alikuja, sheikh."

"Haya," kadhi alisema, akachukua kofia yake.

Binti alikuwa mshonaji. Alifika kwa karani jioni hiyohiyo, futi ya kupimia ikining'inia shingoni, mkononi ufunguo mmoja.

"Hodi. Dada, nimefuata chumba changu," alimwambia mke wa karani.

"Kipo nyuma, mwanangu. Pita, ila inama kwenye kamba."

Ufunguo uliingia. Ndani mlikuwa na kitanda cha baba yake, na harufu ya mafuta ya kuchua aliyokuwa akimpaka magotini kwa miaka sita, kaka zake wakija siku za sikukuu kuuliza anaendeleaje. Alifagia, akafungua dirisha. Kesho yake alileta cherehani. Mke wa karani hakuwa na kinyongo. Alipata wa kupiga naye soga, na mapazia mapya juu ya hayo.

Karani ndiye aliyekosa amani. Alianza kuchelewa kutoka kazini ili amkute mshonaji amelala, akashindwa, kwa kuwa alishona mpaka usiku wa manane. Siku moja alimkuta kibarazani akifumua pindo.

"Shemeji karani," alisema bila kuinua macho. "Nasikia Alhamisi ile nilikuja kwenu."

Karani aliinama kufungua kamba za viatu.

"Nilivaa nini?"

"Watu wanakuja wengi," karani alisema. "Sikumbuki vizuri."

"Mimi nakumbuka. Nilikuwa kwa bibi harusi napima gauni, simu iko kwenye mkoba. Lakini wewe ndiye mwenye maandishi." Akavuta uzi, ukakatika. "Sitaki vita na kaka zangu. Nataka tu pale palipoandikwa nimesamehe paandikwe sijasamehe. Mstari mmoja."

"Nitaliangalia," karani alisema, na neno hilo alikuwa amewaambia watu wengi sana katika miaka kumi na tisa.

Aliliangalia kweli. Kila asubuhi alilitoa faili kabatini, akalifungua ukurasa wa tatu, akausoma mwandiko wake, akalirudisha. Jedwali jipya la robo mwaka lilikuja, mahakama yao imepanda mpaka nafasi ya sita, na kadhi akapongezwa kwa barua.

Kisha akaja mkaguzi wa majengo wa manispaa, na kopo la rangi nyekundu. Alikigonga chumba kwa kifundo cha kidole, akasema ni kizuri, kimejengwa zamani, lakini hakina kibali. Kisipopata mwenyewe leo atakichora alama na Ijumaa kitabomolewa. Akatoa fomu.

"Mwenye chumba nani?"

Mshonaji alijitokeza mlangoni. "Mimi."

"Una karatasi?"

"Ziko mahakamani. Huyu ndiye anayezitunza."

Mkaguzi alimgeukia karani. Mkewe naye alimgeukia, beseni kiunoni. Mahakama ilikuwa mwendo wa robo saa kwa miguu, na kadhi alikuwa bado ofisini. Karani alichukua fomu, akaiweka juu ya goti. Mkono wake, uliozoea kazi, uliandika: jina lake, namba ya nyumba yake, na kwenye nafasi ya maelezo, *nyongeza ya jikoni*.

Mkaguzi aligonga muhuri, akafunga kopo lake, akaaga.

"Umeandikaje?" mshonaji aliuliza.

"Nimeandika jina langu. Ili kisibomolewe."

Mshonaji alitikisa kichwa polepole, kama mteja anayeambiwa kitambaa hakitoshi. Akaingia ndani. Karani alibaki uani, akisikia vitu vikisogezwa. Baada ya muda mshonaji alitoka na nyundo.

"Nataka kupiga msumari ukutani, nitundike nguo za wateja," alisema. "Naomba ruhusa, mwenye nyumba."

Karani alitazama chini, akamwambia apige tu.