Mashua ya Wagonjwa wa Koyama

Asubuhi ile hata chai haikupita. Nilivaa kanzu ya Idi, nikakaa mlangoni. Wafaa, mpiga filamu wa Mombasa ambaye mamake alikimbia kisiwa hiki cha Koyama vita vilipoanza, alikuwa ameniahidi: "Ami, leo utanieleza habari za mkeo." Miaka miwili nilikuwa nikingoja mtu wa kuniuliza.

Mke wangu alifia mchangani, tumbo limemshika, wavuvi wote wametoka, na mbele ya macho yake ipo mashua ya wagonjwa. Wakubwa wa Kismayo waliileta kwa ngoma, wakapigwa picha, kisha mashine ya kuiendesha wakarudi nayo. Mashua ikabaki juani.

Wafaa ananifunga kipaza sauti kifuani, mara akaja ofisa ambaye wakubwa hao walimpa Wafaa amfuate kila aendako. Safari hii kaja na mashine, ya kuazima.

"Mashua kwanza," akasema. "Watu waone tulivyowasaidia."

Zamu yangu hiyo ikaenda. Lakini mimi ni mkalafati, kazi yangu kuziba mashua kwa pamba na mafuta ya papa, nikaona nimwambie. "Mheshimiwa, mbao zimekauka. Ilowekwe kwanza ifure, niikalafati, ndiyo ielee."

"Mzee, hukuulizwa."

Bimdogo, jirani yangu, akaninong'oneza kwa lahaja yetu ya kisiwani, "Mchu huyu hajui mashua."

"Mwache," nikamwambia.

Mashine ikafungwa nyuma, tukaisukuma mashua majini, mimi kwa nguvu kuliko wote. Ofisa kasimama ndani na suti yake, mkono juu, Wafaa anampiga picha.

"Mashua hii," akaanza, "imeokoa wagonjwa wengi."

Maji yakaingia kila mwanya. Yakamfika magotini, bado anahutubia. Yalipofika kiunoni akanyamaza, mashine ikazama, naye akabaki amesimama kwenye maji mafupi kama kigingi.

Bimdogo akapaza sauti: "Mheshimiwa, mashua ya wagonjwa nayo inaumwa. Tuipeleke hospitali gani?"

Pwani nzima ikacheka. Nami nikacheka mpaka mbavu zikaniuma, mara ya kwanza tangu matanga.

Ofisa akatoka akichuruzika. "Futa hiyo."

"Sifuti," Wafaa akasema.

"Nitakunyang'anya kibali."

"Kibali unacho wewe mfukoni, baba. Kimelowa."

Ofisa akaenda kukikamua kivulini. Wafaa akanigeuzia kamera. "Haya, ami. Zamu yako."

Maneno yalikuwa yakigombania kutoka. "Nianzie wapi, mwanangu?"

"Jina lake."

"Mwanahija binti Husein," nikasema, kwa sauti ya kusikika Kismayo. Ofisa akageuka kule kivulini. Nikalirudia, ili alisikie vizuri, kisha nikamshika Wafaa mkono, nikampeleka pale mchangani nilipomtandikia mke wangu mkeka siku ile.