Mliaji wa Mfalme

Katika nchi ya Neemani, Mfalme alikuwa amechoka na mazishi. Raia walikufa ovyo, na kila msiba ulimlazimu aache supu yake ya mifupa ipoe mezani. Basi mafundi wakamuundia mtu wa chuma, wakamwita Mliwaza, kazi yake kwenda misibani kulia kwa niaba ya Kiti cha Enzi. Alilia vizuri. Akiamriwa kunyamaza, alinyamaza.

Mwaka ule Waziri wa Ghala aliwagawia raia mahindi yenye kuvu. Yale mazuri aliyafungia ghalani ayauze ng'ambo. Watoto wakaanza kutapika, kisha kuzikwa. Mliwaza akapelekwa kwa Bi Sikudhani, aliyefiwa na bintiye Zawena. Mama huyo hakumfukuza. Alimsimulia jinsi Zawena alivyogombania ukoko wa wali, na jinsi alivyokufa akiomba radhi kwa kuchafua shuka. Askari waliomsindikiza Mliwaza wakamwamuru akomeshe machozi yake. Hayakukoma.

Mliwaza alirudi ikulu akilia. Baraza lilikuwa mezani, mafuta yakiwachuruzika videvuni, na Waziri wa Ghala akieleza kwamba mahindi hayana kosa. Ni matumbo ya raia yaliyozoea kudekezwa. Wenzake wakamsifu kwa utafiti huo.

Mfalme alikereka. "Nani amekupa ruhusa ya kuhuzunika?"

"Hakuna, Mtukufu. Nilikaa na mama yake Zawena, huzuni ikaja yenyewe."

"Na sisi je, unatuonaje?"

Mliwaza aliwatazama mmoja mmoja, hadi kwenye vidole walivyokuwa wakiviramba. "Mnanitia kinyaa. Sikujua kwamba hata chuma huweza kutamani kutapika."

Walicheka, kisha Mfalme akaamuru avunjwe. Mliwaza hakuomba huruma. Aliomba tu mafundi waliomuunda wasilazimishwe kumvunja. Walilazimishwa. Walipotoka, waliyasimulia yote mitaani.

Msiba uliofuata, wafiwa walikataa kuletewa mashine nyingine. Ikabidi Mfalme aende mwenyewe, na leso iliyolowekwa maji ya vitunguu. Alipokwisha kujipangusa macho, Bi Sikudhani, aliyekuwa akisaidia jikoni, alimletea sahani kwa mikono miwili.

"Karibu ugali, baba. Ni wa mahindi uliyotugawia."

Mfalme aliutazama ule ugali wa kijivu, akaziba pua, akaisukuma sahani mbali.

Umati wote ulimwona. Wanawake walikaza kanga viunoni, wakamwacha ameketi mkekani, wakashika njia ya ghalani. Askari wake, ambao nao walikuwa na watoto, wakatangulia kwenda kuwafungulia milango.