Mchi wa Kanlaya

Wifi yangu Thongsi ana mdomo, na mimi nina hasira, kwa hiyo tangu niolewe hatujawahi kukaa mkeka mmoja tukaachana salama. Lakini mwaka huu alinipata pabaya. Bega langu la kulia limekufa, siwezi tena kuinua mchi. Na ukoo wetu hula sadaka ya marehemu baba mkwe kwenye nyumba yenye mtu wa kutengeneza jeo, ile sosi kali ya kuchovea nyama. Thongsi alishatangaza kwamba ikinishinda, shughuli inahamia kwake, na hairudi tena.

Nikamwambia jeo itatengenezwa hapa hapa, na Kanlaya, mke wa mwanangu. Alicheka mpaka akashika ubavu. Kanlaya ni mtoto wa Bangkok, na alipoletwa huku alikuwa hajui hata kupika wali wa kunata.

"Wifi, jogoo wa mjini hawiki shamba," akaniambia. "Huyo atatutilia sukari."

Siku ikafika. Watawa wa hekalu letu walikula asubuhi, wakatubariki, wakaenda zao. Mwanangu Prasit akawasha mkaa, akalaza vipande vya kidari na mafuta yake, moshi ukatanda uani. Ndugu wakajipanga barazani, na nilijua fika wamekalia nini pale. Huku kwetu mwanamke hupimwa kwa mlio wa mchi wake. Ukitwanga mfululizo bila kusita, watu husema mke ndiye huyo. Mlio ukikatikakatika, basi wewe mvivu, na mama mkwe wako kala hasara.

Kanlaya akaukaanga mchele wa kutia kwenye jeo bila mafuta mpaka ukawa wa kahawia, akauacha upoe, akaumimina kinuni. Akapiga mapigo machache, akanyamaza. Akapiga tena, akanyamaza. Ungedhani kinu kina kwikwi.

Thongsi akageuza shingo taratibu, akanitazama. Jamani, nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Nikainuka na bega langu bovu, nikaenda jikoni kumpokonya mchi.

"Twanga mfululizo," nikamnong'oneza. "Wanakusikiliza."

Hakuinua hata kichwa. Alikuwa anazipekua chenga kwa kidole. "Nikienda mfululizo unakuwa unga, mama. Kwani wamekuja kula au kusikiliza?"

Jibu mimi sikosi, hata siku moja. Lakini nilichungulia kinuni nikaona chenga safi, zinanukia mpaka mate yakanijaa. Nikakumbuka ni jeo ngapi nimelishwa kwenye baraza za watu zimeganda kama uji, kwa sababu sisi wanawake wa huku tunatwangia masikio ya watu. Ya Thongsi ndiyo inayoongoza. Nikarudi barazani nikakaa, nikawaacha waseme.

Na walisema. Thongsi akajitolea hata kumtuma binti yake akalete jeo ya akiba kutoka kwake. Nikamwambia atulie, nyama haijafika.

Nyama ikaja imekatwa nyembamba, ndani bado ina wekundu kidogo, na katikati bakuli la jeo: pilipili kavu zilizochomwa, ukwaju, sosi ya samaki, majani ya kitunguu, na zile chenga juu yake. Thongsi akafinyanga tonge la wali, akachovya nyama, akatia mdomoni. Nilizisikia chenga zikivunjika menoni mwake. Jasho likamtoka puani, machozi yakamlenga, na kabla hajameza akachovya tena. Nani sasa anataja mchi? Mikono ilikuwa inagongana bakulini. Mimi sikula hata kipande. Nilikaa nikiwatazama, kichwa kimenivimba, na sioni haya kusema kwamba nilimwonea fahari yule binti kama niliyemzaa mwenyewe.

Kanlaya akatoka jikoni kuongeza jeo. Thongsi akafuta pua kwa pindo la nguo yake. Hakumtazama yeye, alinitazama mimi.

"Wifi," akasema polepole, "mwakani nilete nyama kiasi gani?"

Miaka yote ya ndoa yangu nimeisubiri sauti hiyo ya upole kutoka kwake. Ningeweza kuila peke yangu, nikashiba.

"Mimi unaniuliza nini?" nikamwambia, nikamwonyesha Kanlaya. "Muulize mwenye nyumba."

Thongsi akameza tonge lake, akamgeukia, akauliza upya.