Nyumba ya Petchiammal Kituoni

Petchiammal alikuwa anatunga asumini kando ya lango la hekalu simu ilipolia.

"Mama Petchi, njoo mara moja," alisema Arokiam, askari wa zamu. "Maswali mawili tu."

Maswali mawili hayo yalikuwa yakiulizwa tangu mavuno. Mwanawe, Sudalai, alidaiwa kuiba pampu ya kisima cha tajiri mmoja. Alitoroka bila kumwambia mama yake aendako, ili mama asiwe na la kusema. Polisi walipomkosa kijana wakawa wanamwita mama. Walimkalisha kwenye benchi kutwa, wakimuuliza kama mwanawe ameyeyuka au ameota mbawa, huku maua yakinyauka kikapuni. Na asumini isiyouzwa asubuhi hainunuliwi na mtu tena.

Mwishowe wakili wake, binti aitwaye Thamarai, alikwenda mahakama kuu ya Madurai akarudi na amri. Polisi wasimsumbue mama huyu kwa kisingizio cha upelelezi. Wakiwa na swali, wamuulize nyumbani kwake, si kwingine.

"Sasa mama, wakipiga simu usiende," alisema Thamarai.

"Hata wakinitukana?"

"Waache watukane mpaka wachoke. Amri ni amri."

Asubuhi iliyofuata Arokiam akapiga. "Hongera, mama! Umetushinda. Njoo uchukue barua ya kwamba hatutakuita tena."

Barua hiyo aliitaka kwa moyo wote, na hapo ndipo alipokosea. Kwetu mtu akitoka nyumbani hasemi "naenda". Husema "naenda nirudi", kwa sababu "naenda" tupu ni la maiti anayepelekwa kuchomwa moto. Tangu mumewe afariki, Petchiammal aliiaga nyumba yake, maana hakukuwa na mwingine wa kuagwa. Siku hiyo, kwa furaha, alifunga kufuli, akasema, "Haya, naenda," akashika njia.

Nyumba ikadhani harudi, ikamfuata. Ilikuwa ya chumba kimoja, bati juu, mlango wa buluu. Penye soko ilisimama kupisha basi, kisha ikavuka. Muuza nyanya alisogeza matenga yake.

"Dada Petchi, nyumba yako hiyo nyuma."

"Naiona. Nimeifukuza, haisikii."

Pale ilipotoka pakabaki udongo mkavu, na jirani akaanika pilipili.

Kituoni iliingia uani ikatulia kati ya pikipiki zilizokamatwa. Inspekta Gnanaraj alitoka akalalamika kwamba imelizibia gari lake njia. Kisha akaisoma amri ya mahakama tangu mwanzo, polepole, akautazama ule mlango wa buluu.

"Hii nyumba ya nani?"

"Yangu, afande."

"Una hakika?"

Picha ya marehemu mumewe ilionekana dirishani, na shada lake la maua. Angeikanaje?

"Yangu."

"Basi fungua, mama. Sisi si watu wa kuvunja amri."

Barua aliyoitiwa haikuwapo. Alipoomba aondoke na nyumba yake, Arokiam alimweleza kwa upole kwamba kilichoingia uani mwa kituo hakitoki hivi hivi, akachukua brashi na rangi nyeupe, akaandika namba ya kesi ukutani kama alivyoziandika pikipiki.

Thamarai alirudi Madurai mbio. Jaji aliuliza kama polisi ndio walioibeba nyumba. Hapana, ilikuja yenyewe. Mlalamikaji anakaa humo? Anakaa.

"Basi anahojiwa nyumbani kwake," alisema jaji, wala si kwa ubaya, akaita kesi nyingine.

Thamarai alilia ndani ya basi njia nzima. Kilichomuuma ni kwamba kila alichokiomba alikuwa amepewa.

Jua lilipokuchwa, Arokiam aliwafungulia lango wanawake waliokuwa wameshinda kwenye benchi, kwa kuwa sheria ya nchi hairuhusu mwanamke kuwekwa kituoni baada ya magharibi. Petchiammal naye akajitanda sari yake, akatoka mlangoni.

"Wewe waenda wapi, mama?" aliuliza Arokiam. "Si uko kwako?"

Inspekta alivua viatu kizingitini kama mtu mwenye adabu zake, akaingia, akaketi mkekani. Mgeni hakai kwetu bila kahawa, hata awe nani, kwa hiyo Petchiammal aliwasha jiko. Hasira alikuwa nayo, ila hakuwa na pa kuipeleka. Alimpa kikombe. Inspekta alikunywa chote, akaisifu kahawa, akakirudisha kwa mikono miwili.

"Haya, mama," akasema. "Kijana yuko wapi?"