Kayaki ya Watu Wawili

Mume wangu ni mbishi, na mimi nimemzidi, ndiyo maana ndoa imedumu. Miaka thelathini na moja tumeshona nguo katika chumba kimoja: yeye anakata, mimi niko kwenye cherehani. Siku alipotangaza kwamba tunafunga duka, tukapige kafi siku ishirini na sita kuufuata mto mpaka baharini, nilimwambia, "Baba, umerogwa." Wiki iliyofuata nilikuwa najaribu jaketi la kuelea.

Kwenye kayaki ya watu wawili, wa nyuma ndiye anayeongoza. Mimi alinikalisha mbele. "Upate kuona vizuri, mama," alisema, nami nikavimba kichwa.

Kufika siku ya tisa nilikuwa nimenuna. Namwonyesha viboko, anasema, "Ehee, wazuri." Namwonyesha tai kabeba samaki, "Ehee." Nikajua kanichoka.

Siku ya kumi na nne, mchana kweupe, tukauvaa mti mzima uliolala majini, nami nilidhani kauona, tukapinduka. Maji yalinifika kifuani tu, lakini nilimsema mpaka sauti ikakauka. Yeye alikuwa anapapasa maji kutafuta kafi lake, na kafi linaelea pale pale mbele ya pua yake.

Nikakumbuka suruali ya mteja aliyoikata miguu yote miwili ya kushoto, nami nikamcheka wiki nzima.

"Tangu lini?" nikamuuliza tulipofika ukingoni.

"Mwaka jana. Daktari alisema haina dawa." Akaketi mchangani, nguo zinachuruzika. "Nilitaka niuone mto wote kabla macho hayajazimika. Ukitaka, mpigie binti yetu aje na gari. Sibishi."

Maisha yake yote kabisha, leo habishi. Hilo liliniuma kuliko yote.

"Sasa siku zote hizi ulikuwa unaongozaje?"

"Nakutazama wewe. Ukiinamisha bega la kulia, nami nakata kulia."

"Na mto?"

"Mto niliuacha tangu siku ya tano, mke wangu. Nikaona hayo macho yaliyobaki bora yakushibe wewe."

Nililia, sikujificha. Kisha tukaigeuza kayaki, tukamwaga maji. Nikavua kofia yangu pana ili anione vizuri, nikaingia mbele.

"Panda," nikamwambia. "Bado siku kumi na mbili."